Kuku, Uyoga na Mpira wa Friji

Mtaani walimwita Fundi Barafu, na jina hilo halikutokana na friji peke yake. Alikuwa mtu wa maneno haba. Ukimpelekea friji iliyokufa ataizungusha, ataweka kiganja mgongoni pake kama daktari anayepima kifua cha mtoto, atatikisa kichwa, kisha atakwambia, "Kesho." Kesho ukija utaikuta inanguruma, naye ameshainamia nyingine. Wateja wapenda soga walimwona ana maringo. Wenye haraka zao walimpenda. Jirani yake wa ukuta mmoja, fundi cherehani ambaye ulimi wake ulikwenda kasi kuliko sindano, alikuwa akisema kwamba siku Barafu atakapotoa sentensi nzima yenye kichwa na miguu, yeye atamshonea suruali ya bure.

Jumapili hiyo Barafu alikuwa jikoni kwake, taulo kiunoni, anatazamana na mapaja ya kuku kwenye sinia.  

Jioni alikuwa anakuja mama mkubwa wa binti yake, dada wa marehemu mkewe. Mama huyo alikuwa matroni wa bweni la wasichana katika mji mwingine, mwanamke mrefu, mwenye sauti ya kuamsha watu kitandani. Alikuwa amepiga simu katikati ya juma na hakuzunguka mbuyu.

"Shemeji, Jumapili nakuja kula kwako. Shule zinakaribia kufunguliwa, na mtoto nimeshamtafutia nafasi huku kwangu. Nataka nione mnavyoishi. Halafu nitamuuliza yeye mwenyewe, mbele yako. Akisema anakuja kwangu, anakuja. Akisema anakaa, anakaa. Umenielewa?"

"Sawa, dada," alijibu Barafu. Simu ilipokatika alikaa juu ya friji iliyolazwa chini, akashika tama, na mteja aliyeingia alisalimia mara mbili ndipo akajibiwa.

Kilichomtia hofu hakikuwa matroni. Lilikuwa jibu la mtoto. Siku chache kabla ya simu hiyo alipita nje ya dirisha la binti yake na kumsikia anaongea na mama mkubwa, kwa sauti ya chini, kama mtu anayeshtaki bila kutaka kushtaki. Alimsikia akisema, "Hapa najiona kama mgeni." Maneno hayo yalimkwama kama mwiba wa samaki. Hakuuliza. Kuuliza hakukuwa kazi yake. Alichofanya ni kutengeneza, kwa sababu hiyo ndiyo njia aliyoijua ya kuondoa ubovu. Alimnunulia godoro jipya. Akapaka rangi chumba chake. Akazidi kumfulia, kumpigia pasi, kumpikia, kumwekea maji ya kuoga, na kila alipomkuta ameshika ufagio alimnyang'anya taratibu na kumwambia akapumzike. Mtoto aliyefiwa na mama, alijiambia, asifanywe mtumishi na baba yake. Na kadiri alivyohangaika, ndivyo binti alivyozidi kukaa pembeni mwa kiti, magoti pamoja, kama anayesubiri kuitwa.

Basi akafikia uamuzi kwamba tatizo ni chakula. Mama mtu alipokuwa hai, Jumapili ilikuwa siku ya kuku wa oveni na uyoga, na binti alikuwa na tabia ya kuchokoa uyoga wote kwanza, kuku akabaki uchi. Tangu mama aondoke, oveni haikuwashwa hata siku moja. Iligeuka kabati la mifuniko. Barafu mwenyewe hakuwahi kupika chakula hicho, ila alikuwa akikaa kwenye kizingiti cha jikoni kila Jumapili kumsikiliza mkewe, ambaye aliongea kwa ajili ya wawili. Akikaanga alieleza anachokaanga, akimimina alieleza anachomimina. Maneno hayo Barafu alikuwa nayo kichwani yote. Vipimo tu ndivyo hakuwa navyo.

Alifuta mapaja kwa kitambaa safi mpaka yakakauka, kwa sababu mkewe alisema kuku mwenye maji hakaangiki, anachemka. Akapaka chumvi, pilipili manga na kitunguu saumu kilichopondwa. Mafuta yalipopata moto aliyalaza mapaja, ngozi ikiwa chini, na sauti ilipopanda alirudi nyuma hatua moja kama mtu aliyetukanwa.

Binti alitokea mlangoni. Alikuwa amekwisha kuvaa gauni la wageni, limenyooshwa mpaka mikunjo inakata.

"Baba, nikukatie vitunguu?"

"Hapana, mama. Kapumzike."

"Sijachoka."

"Basi kasome kidogo."

Binti akabaki pale, akikwaruza rangi ya mlango kwa ukucha. Macho yake yalikwenda kwenye ndoo, ambako baba yake alikuwa ameutumbukiza uyoga wote ndani ya maji na kuusugua kama soksi.

"Uyoga haulowekwi," alisema. "Unafutwa tu. Ukinywa maji utayatoa kwenye mchuzi."

"Najua," alisema Barafu, ambaye hakuwa anajua. Katika yote aliyoyasema mkewe, hilo lilimpita. Aliutoa uyoga haraka akautandaza juu ya taulo, na alipogeuka amshukuru, mlango ulikuwa mtupu. Akasikia kiti cha sebuleni kikilia kidogo. Ameshakaa pembeni, kama kawaida yake.

Hapo akajiambia aharakishe. Alimtoa kuku akiwa na rangi ya kahawia, akatia uyoga kwenye mafuta yaleyale, kidogo kidogo ili usisongamane. Ukakataa kukaangika. Ukatoa maji, ukaogelea ndani yake. Akaongeza moto, akasubiri maji yakauke, akaongeza vitunguu, siagi, kijiko cha unga, kisha maziwa, akikoroga bila kuinua kichwa. Mchuzi ulikuwa mwepesi kuliko wa marehemu, lakini harufu ilikuwa ileile. Ilimjia ghafla puani na ikabidi ashike ukingo wa meza mpaka impite. Alipanga mapaja kwenye trei, akamimina mchuzi juu, akafunika kwa foili na kuikunja kingoni kote, imara, kama anavyoziba bomba lisivuje. Akafungua oveni.

Sasa, kuhusu hiyo oveni. Jana yake jioni alipotoa mifuniko na kukagua ndani, aliona kwamba ule utepe wa kuziba mlango umechakaa, unapukutika kama biskuti ya zamani. Mlango ukifungwa unaacha upenyo. Fundi wa friji anaweza kuvumilia mambo mengi, lakini mlango usiobana hawezi. Ugonjwa huo ameutibu nusu ya maisha yake. Alikwenda kwenye boksi lake la vipuri, akachagua mpira wa mlango wa friji, mweupe, mpya, ule wenye sumaku ndani, akaukata kwa wembe, akaukunja kwenye pembe, akaubandika. Kazi ilitoka safi. Mlango ulipofungwa ulivutwa wenyewe, ukatoa sauti laini, pwa, na Barafu aliurudia mara kadhaa kwa raha tu. Baridi aliifahamu, na kila mpira aliowahi kuushika ulikuwa wa kuzuia baridi isitoke. Kwamba safari hii upande wa ndani kutakuwa na moto, wazo hilo halikupita hata karibu na kichwa chake.

Akawasha, akaingiza trei, akafunga. Pwa.

Matroni aliwasili kabla ya wakati wake. Watu wa kazi yake huwa hivyo, hupenda kufika wakati wasichana bado wamejificha. Alibisha, akaingia, akamkumbatia mtoto kwa muda mrefu, akamuuliza afya, akamuuliza shule, akamsalimia Barafu kwa kumtazama kwanza juu mpaka chini pamoja na taulo lake. Kisha, bila kukaa, akaomba kuonyeshwa chumba cha mtoto.

Kitanda kilikuwa kimetandikwa, shuka halina mkunjo.

"Nani katandika?"

"Baba," alisema binti.

Matroni akafungua kabati. Sare za shule zilining'inia kwa mpangilio, marinda yamekaa sawasawa. Akauliza nani kapiga pasi. Baba. Na viatu hivi, nani kang'arisha? Baba pia. Barafu alikuwa nyuma yao kwenye ujia, anasikiliza kila "baba" kama mtu anayesikia alama zake za mtihani zikisomwa, na kwa mara ya kwanza siku hiyo mabega yake yalishuka. Hakumwona matroni alivyomtazama mtoto usoni, na jinsi mtoto alivyoangalia chini.

Harufu iliwafikia wakiwa bado palepale. Haikuwa ya kuku. Ilikuwa kali, ya kukwangua koo, na nyuma yake ukaja moshi mweupe ukitambaa chini ya dari.

Barafu alikimbia. Jikoni mlango wa oveni ulikuwa unalia machozi. Mpira ulikuwa umelegea, unachuruzika kwa matone marefu meupe, na kila tone lililoangukia chuma cha moto lilifuka. Alizima gesi, akakaza valvu ya mtungi, akafungua dirisha, akavuta mlango kwa taulo, akaitoa trei na kutoka nayo uani mbio mbio, amejikunja juu yake kama anayeokoa mtoto kwenye nyumba inayoungua.

Matroni na binti walitokea nyuma yake wakikohoa. Kutoka upande wa pili wa ukuta, sauti ya fundi cherehani iliuliza kwa upole mkubwa, "Barafu, jirani yangu, hicho ni chakula au unateketeza ushahidi?"

Hakujibiwa. Barafu aliweka trei juu ya ukuta mfupi wa karo la kufulia, akainua foili upande mmoja. Ile mikunjo yake imara ilikuwa imezuia moshi. Mchuzi ulinukia mchuzi. Lakini alipochoma paja moja kwa kisu, maji yaliyotoka yalikuwa na wekundu. Kuku alikuwa nusu mbichi.

"Ni nini kile, shemeji?" aliuliza matroni.

"Mpira."

"Mpira gani?"

"Wa friji."

Matroni alimtazama, akaitazama nyumba iliyokuwa inatoa moshi madirishani, akamtazama tena. "Umeweka mpira wa friji kwenye oveni," alisema, taratibu, kama mtu anayetaka kuhakikisha hajamsingizia mwenzake.

Binti alikuwa ameziba mdomo kwa viganja viwili. Barafu hakuweza kujua kama anacheka au analia, na kutojua huko kulimuumiza kuliko moshi. Jikoni hapakuingilika. Hata jiko la juu lisingetumika mpaka ule uji wa mpira upoe na kukwanguliwa. Matroni alijipangusa macho, akasema basi, chakula si kitu, yeye hakuja kwa ajili ya tumbo, kuna mkate na kuna chai kwa jirani, wakae hapa hapa nje wazungumze lililomleta. Akavuta stuli. Akamwita mtoto kwa mkono aje karibu.

Barafu alihisi maji yamemfika shingoni. Mazungumzo yakianza sasa, kabla ya chakula, nyumba ikinuka hivi, mtoto atajibu nini? Alibaki amesimama na kisu mkononi.

Binti hakukaa. Alisema, kwa sauti ndogo, akiitazama trei na siyo mtu, "Mama wa keki ana oveni. Yule wa nyuma ya shule. Mimi namjua."

Barafu hakuwahi kusikia habari za mama wa keki. Kumbe mtoto anawajua watu wa mtaa huu ambao yeye, miaka yote hii, amejua friji zao tu.

"Naweza kupeleka," binti aliendelea. "Ukinituma."

 Matroni alikuwa anamwangalia Barafu, si mtoto. Naye Barafu alifungua mdomo na neno halikutoka, kwa sababu neno hilo, nenda, hakuwa amemwambia mtoto huyu tangu siku ya hospitali. Dukani alikwenda mwenyewe. Kiberiti kikiisha usiku alikaa bila kiberiti. Mvua ikinyesha na chumvi hakuna, alijifunika gunia akatoka yeye.

Aliitazama trei. Akamtazama mtoto, ambaye sasa alikuwa amenyanyua uso na anamsubiri, na usoni mwake palikuwa na kitu ambacho Barafu alikuwa hajakiona kwa muda mrefu. Alikuwa anataka kitu kutoka kwake.

"Nenda," alisema.

Kisha mambo yakaenda haraka. Akaifunika trei kwa foili mpya, akaizungushia mataulo, akaikalisha ndani ya beseni ili isimuunguze. Akaanza kumwelekeza aseme baba anaomba, aseme ni kwa muda mfupi tu, na foili itolewe—

"Itolewe mwishoni, ngozi ipate rangi," binti alimalizia. "Najua, baba." Akapachika beseni kiunoni, akalisukuma geti kwa nyonga, akapotea.

Wakabaki wawili. Matroni hakuwa mtu wa kupoteza nafasi. Alimwambia Barafu wazi kwamba hana ugomvi naye. Mtoto anakula, analala, ananyooshewa nguo. Lakini bwenini kwake pia wapo wasichana wanaolishwa na kunyooshewa nguo, na wanalia usiku. Huyu amemwambia kwenye simu kwamba anajiona mgeni, na leo, alipokagua chumba, yeye mwenyewe ameelewa kwa nini. Hakuna kitu humo ndani ambacho mtoto amekigusa kwa mikono yake.

"Hata mgeni, shemeji, siku ya tatu anaambiwa ashike ufagio. Wewe umemkataza nyumba yake mwenyewe. Nataka kujua sababu, maana nikiondoka naye leo sitaki nije niambiwe sikuuliza."

Barafu alitazama geti. Mtoto hajarudi. Shule si mbali. Alisimama, akakaa. Moshi jikoni ulikuwa umepungua, kivuli cha ukuta kimefika katikati ya uwanja. Alisimama tena, akaenda mpaka getini, akashika komeo.

"Mfuate, kama roho yako iko juu hivyo," alisema matroni.

Mkono wake ulikuwa juu ya komeo na miguu yote miwili ilikuwa inataka kwenda. Lakini alijua kwamba akifika huko na kumpokonya lile beseni, basi hata mtoto akisema anabaki, hatakuwa amebaki kweli. Aliachia komeo. Akarudi. Na kwa kuwa hakuweza kukaa wala kukimbia, akaongea.

Aliongea maneno mengi kuliko aliyoyasema mwaka mzima, na upande wa pili wa ukuta cherehani ilinyamaza. Alimweleza shemeji yake ile asubuhi ya wodini. Mgonjwa alikuwa amebadilika pumzi. Barafu aliliona, kwa sababu sauti ya mtambo unaotaka kuzima anaijua, na aliingiwa na woga mtoto asishuhudie. Akampa chupa, akamwambia nenda kalete maji ya moto kantini, mama atakunywa chai. Mtoto akaenda. Foleni ilikuwa ndefu. Aliporudi, ameishika chupa kwa mikono miwili isimwagike, pazia lilikuwa limeshavutwa. Alisimama pale na ile chupa na hakuna aliyeipokea.

"Nilimtuma mimi, dada. Angekuwepo, angemuaga mama yake. Ndiyo maana simtumi."

Matroni alisogeza stuli yake karibu. Alipozungumza, sauti yake ya bweni haikuwepo.

"Na yeye umemwambia hivyo?"

"Anajua."

"Umemwambia?"

Barafu alifikiri. "La," alisema.

Geti likagongwa na kitu kizito. Binti aliingia kinyumenyume, beseni kiunoni, jasho puani, gauni la wageni lina unga kifuani. Hakungoja kuulizwa. Mama wa keki alikuwa na keki mbili ndani, ikabidi zisubiriwe zitoke, na wakati wa kusubiri akapewa makopo ayapake siagi, na mtoto wa mama wa keki kajaribu kuchokoa foili akapigwa kibao cha mkono. Aliyasema yote hayo kwa pumzi moja huku anafungua mataulo. Ngozi ya kuku ilikuwa imeiva, ya dhahabu, imepasuka pasuka kingoni, na mchuzi unachemka bado pembeni.

Walikula palepale uwanjani, trei juu ya stuli, sahani magotini.  Barafu hakuonja. Alikuwa anamtazama mtoto, na mtoto alikuwa anachokoa uyoga, mmoja mmoja.

Matroni alisafisha koo. "Haya, mwanangu. Unajua kilichonileta. Nafasi ipo kwangu, kitanda kipo, shule ni nzuri. Baba yako yuko hapa na hatakukasirikia. Unakuja au unakaa?"

Binti aliendelea kuangalia sahani. "Baba anataka nikae?" aliuliza, na aliyemuuliza alikuwa mama mkubwa, kana kwamba baba hayupo.

"Muulize mwenyewe."

Hakumuuliza. Alizungusha kijiko. Kisha akasema, kwa haraka, kama anayetapika kitu, "Mimi nilidhani hanitumi kwa sababu siku ile nilichelewa. Na chupa. Nilidhani ananiona mimi ni mtu wa kuchelewa."

Barafu aliweka sahani chini.  Miezi yote hii alikuwa anabandika mpira usio wake mahali pasipo pake, na mtoto alikuwa anaungua upande wa ndani.

"Hukuchelewa," alisema.

Mtoto hakuinua kichwa.

"Foleni ilikuwa ndefu, mwanangu. Niliiona baadaye, nilipopita. Ilifika mpaka mlango wa nje. Ungekimbia usingewahi. Mimi ndiye niliyeona mama yako anaondoka, nikakutuma usione. Kosa hilo ni langu, wewe ulikwenda kama nilivyokwambia. Nikaogopa kukutuma tena." Alitaka kunyamaza hapo, kama desturi yake, lakini matroni alikuwa anamkazia macho, akajua bado. "Nataka ukae. Kama unataka. Nataka sana."

Binti alilia bila sauti, machozi yakadondokea kwenye mchuzi uliokuwa tayari una maji ya kutosha. Mama mkubwa akajifanya anatafuta mfupa kwenye sahani yake. Hakuna aliyemgusa mwenzake. Walikuwa watu wa namna hiyo.

Mwishowe binti alijifuta kwa kiwiko. "Nitakaa," alisema. "Lakini nguo zangu napiga pasi mimi. Na likizo nakwenda kwa mama mkubwa. Na oveni asiiguse."

"Oveni hata mimi namkataza," alisema matroni, sauti ya bweni imerudi. "Na shemeji, nisikilize vizuri. Nitakuwa nakuja bila kupiga simu."

"Sawa, dada."

Ng'ambo ya ukuta mtu alipenga kamasi, na cherehani ikaanza tena kukimbia.

Barafu akachukua paja lake, akaonja. Kuku alikuwa laini. Uyoga ulikuwa mzuri. Mchuzi ulikuwa mwepesi kama chai. Kabla hajafikisha tonge la pili, binti alikuwa amesimama, amechukua sahani safi na kuweka ndani yake paja kubwa kuliko yote na uyoga mwingi juu, akaifunika kwa sahani nyingine.

"Nampelekea mama wa keki," alisema, na hakuomba ruhusa. Akatoka.

Jua lilikuwa linazama na mwanga wa uwanjani umekuwa wa kijivu. Barafu alijaribu kutafuna. Chini ya stuli mguu wake wa kulia ulikuwa unacheza wenyewe, kisigino kikigonga sakafu, na matroni aliutazama kwa muda kabla ya kusema kitu.

"Atarudi."

"Najua," alisema Barafu, na akaendelea kula polepole, kichwa amekiinamisha upande mmoja, anasikiliza geti.